Wino wa Buluu

Kabla hawajagonga mlango, Huaijin alimshika Yinlan mkono akamvuta pembeni, kwenye kivuli cha ukuta wa jirani.

"Sikia, mpenzi. Mambo mawili tu, halafu tuingie. La kwanza, shangazi yangu ana mdomo. Akikuchokoza, wewe cheka."

"Na la pili?"

"Usimuulize mama habari za vitabu. Alikuwa navyo, sanduku zima. Nilipokuwa na miaka kumi na tisa paa lilivuja, vikaloa vyote, vikatupwa. Hajavitaja mpaka leo."

Alilisema hilo la pili huku akitazama viatu vyake. Yinlan akadhani ni huruma ya mtoto kwa mama yake, akazidi kumpenda. Mapenzi bwana! Hata uongo huuona ni adabu.

Shu Yinlan alikuwa na miaka thelathini na moja, umri ambao pale Yangzhou majirani huanza kumsalimu msichana kwa sauti ya pole. Alifundisha historia ya uhakiki wa fasihi katika chuo kimoja cha Nanjing, na kwa miaka minane hakuna aliyemjua zaidi ya wanafunzi waliosinzia darasani kwake. Halafu ikatoka makala yake moja kwenye jarida kubwa, na ghafla maprofesa wenye mvi wakawa wanamvutia kiti. Akapandishwa cheo. Wiki hiyohiyo, kwenye foleni ya maji ya moto pale chuoni, chupa yake ya chai ilimponyoka ikapasuka, na mpima ardhi mmoja mrefu, aliyekuja kupima uwanja wa michezo, akampa ya kwake. Huyo ndiye Geng Huaijin. Miezi sita ikapita, na sasa walikuwa mlangoni kwa mama yake.

Aliyefungua alikuwa Shangazi Ruixian, dada mkubwa wa marehemu baba yake Huaijin. Alimkagua Yinlan kutoka unyweleni hadi kisiginoni, hakuficha.

"Hee! Kumbe mzuri! Mimi nilidhani aliyesoma hivyo lazima awe na miwani minene mpaka pua imelala."

"Miwani iko mkobani, shangazi," Yinlan akajibu, akicheka kama alivyoelekezwa.

"Na ulimi unao! Haya, pita. Hatujazeeka tukikusubiri, tulishazeeka zamani."

Mama yake Huaijin alisimama kando ya meza. Rao Peizhi alikuwa mwanamke mdogo wa umbo, macho yake yamefunikwa na ukungu wa mtoto wa jicho, vidole vyake vimekomaa kwa miaka thelathini ya kung'arisha vyombo vya mbao kiwandani. Alimshika Yinlan mkono kwa mikono miwili, akauachia mapema kidogo kuliko Yinlan alivyotaka.

"Karibu, Mwalimu Shu," alisema.

Si binti, si mwanangu. Mwalimu Shu. Yinlan akaketi. Mezani kulikuwa na maandazi ya mvuke yenye nyama, nyuzi za tofu kwenye supu, mbegu za tikiti na chai. Kilichokosekana ni bakuli la mayai yaliyochemshwa kwenye maji ya sukari. Pale mjini, mama aliyemkubali mchumba wa mwanawe humtangulizia bakuli hilo kabla neno halijasemwa, mayai mawili, na binti akishayaona hujua ameshaingia. Yinlan aliitazama meza mara mbili. Hata shangazi aliitazama.

"Peizhi, kwani mayai yameisha sokoni?"

"Yapo," mama akajibu. "Hayana haraka."

Huaijin akakohoa. Ili kuficha fedheha yake, Yinlan akainua macho ukutani, akaipita televisheni kubwa iliyofunikwa kitambaa cha maua, akafika juu ya mlango wa chumba cha ndani. Hapo palikuwa na kibao kidogo cheusi kinachong'aa, kimeandikwa kwa rangi nyekundu: Chumba cha Mianzi Mitatu.

Kikombe kikamcheza mkononi, chai ikamwagika kwenye sketi.

Maneno hayo aliyajua. Miaka mitatu nyuma, kwa wauza karatasi kuukuu nyuma ya hekalu kule Nanjing, alikuwa amenunua riwaya ya kale ya nyumba ya Xun, juzuu kumi na mbili nyembamba zilizoshonwa kwa uzi. Pembeni mwa kurasa mtu alikuwa ameisoma kama wasomavyo watu wa zamani: viduara kando ya sentensi tamu, na maoni yamejazwa katikati ya mistari. Maoni yaliandikwa kwa wino mwekundu, kwa brashi, mwandiko safi wa kupendeza, na mwisho wa kila sura palikuwa na saini: Mwenye Chumba cha Mianzi Mitatu. Kisha, hapohapo, mwandiko mwingine wa buluu, wa kalamu, umepinda, hauna saini, unabishana na ule mwekundu. Wahakiki wa kale wote walijiita kwa majina ya vyumba vyao, hivyo Yinlan akatafuta kwenye orodha zote. Hakukipata chumba hicho. Akajiambia kwamba huyu ni mzee fulani aliyekufa zamani bila ndugu. Akayachukua maneno mekundu, akaiacha saini, na mbele yake akaandika, "kwa maoni yangu."

Makala iliyompa cheo ndiyo hiyo.

"Umeungua?" Huaijin aliuliza, akimfuta kwa leso. Macho yao yakakutana, na yale ya Huaijin yalikuwa yamejaa mapenzi kiasi kwamba Yinlan alitamani kukimbia.

"Hapana. Si moto."

"Mama," Huaijin akasema, "leo nimekuletea kitu." Akatoa jarida mkobani. "Macho yako hayasomi, mimi nitakusomea. Umjue mkwe wako."

"Huaijin, usiwachoshe watu," Yinlan alisema haraka.

"Tuchoshe!" shangazi akadakia. "Mimi tangu nizaliwe sijawahi kula na mtu aliyechapishwa."

Basi Huaijin akasimama, akasoma kwa sauti ya mtoto wa shule anayejua jibu. "'Katika sura ya tatu, bwana mdogo anarudi nyumbani baada ya miaka mitano. Kijakazi Lu'er hatoki kumlaki. Anafunga dirisha. Wahakiki wote wamelipita dirisha hili. Kwa maoni yangu, riwaya nzima inaishia hapa. Lu'er ameshamzika mtu ambaye...'" Kurasa mbili zilikuwa zimegandana, akawa anazitenganisha kwa ukucha.

"...ambaye bado hajavua viatu," mama akasema taratibu.

Huaijin akafungua ukurasa. "'Ambaye bado hajavua viatu!' Mama! Umejuaje?"

Sasa anasema, Yinlan alijiambia. Sasa hivi, mbele ya wote.

"Nimebahatisha," alisema mama. "Endelea."

Ungekuwa wewe, ungemshukuru. Yinlan hakuweza. Kufichiwa siri na mtu uliyemwibia kulimuuma kuliko kofi, na alijua tanbihi iko ukurasa huohuo, chini.

"Hiyo ya chini usisome," alinong'ona. "Ni mambo ya kitaalamu."

"Ndiyo tamu kuliko zote!" Huaijin akacheka. "Sikilizeni. 'Katika nakala niliyo nayo, msomaji mmoja wa baadaye, bila shaka mwanamke asiye na elimu, ameandika kwa wino wa buluu kwamba dirisha limefungwa kwa sababu ya mvua. Hivyo ndivyo akili ya jikoni inavyosoma fasihi.'"

Shangazi akapiga meza kwa kicheko. "Akili ya jikoni! Jamani, huyo mama wa watu!"

"Rudia hapo," mama akasema.

Huaijin akarudia, kwa mbwembwe zaidi, na mwisho akacheka mwenyewe. Mama alisikiliza akiwa ameinamisha kichwa. Kisha akanyanyuka.

"Maji ya chai yamekwisha. Mwalimu Shu, njoo unisaidie jikoni."

Jikoni palikuwa padogo, pamejaa mvuke. Mama alivuta pazia. Yinlan akashika ukingo wa jiko.

"Mama..."

"Punguza sauti. Ruixian masikio yake ni makubwa kuliko mdomo. Kiko wapi?"

"Kwangu, Nanjing. Juzuu zote kumi na mbili."

"Ulikipata wapi?"

"Kwa wauza karatasi kuukuu."

"Kilikuwa kimeloa?"

"Hapana, mama. Kikavu kabisa. Hakina hata doa."

Mama akachukua kitambaa, akafuta kifuniko cha sufuria ambacho kilikuwa safi tayari. Alikifuta kwa muda.

"Nilidhani ni mzee wa zamani," Yinlan alisema, sauti ikimkatika. "Nilidhani alishakufa, hana mtu."

"Na aliyekufa ndiyo anaibiwa?"

Yinlan akatazama sakafu.

"Na yule wa buluu? Ulidhani ni nani?"

"Mtu mwingine."

"Mwanamke asiye na elimu."

"Nisamehe, mama."

"Ni mimi vilevile. Nyekundu niliandika nikiwa na miaka ishirini, nyumbani kwa baba yangu, nina meza yangu na chumba changu. Yeye ndiye aliyenifundisha: usomaji wa kwanza wino mwekundu, wa pili buluu, ili ujione ulivyobadilika. Nyie huko chuoni hamfundishwi hilo?"

"Tunafundishwa," alisema Yinlan, na hapo akaona aibu, kwa sababu alilifundisha mwenyewe, kila muhula, wiki ya pili. Alilijua, lakini buluu ilipomharibia hoja yake, ilimfaa iwe ya mjinga fulani.

"Buluu niliandika Huaijin akiwa na miezi minne. Mkono mmoja nimempakata, ndiyo maana maandishi yamepinda. Na sikusaini kwa sababu chumba sikuwa nacho tena. Kile kibao nilikuja kukitengeneza kiwandani baadaye, kujifurahisha tu. Haya niambie, wewe mtaalamu, mistari minne kabla ya dirisha pana nini?"

Yinlan alifumba macho. Ukurasa ule aliujua kwa moyo. Lu'er anafagia. Lu'er anasogeza beseni. Lu'er anabembeleza...

"Mtoto," akanong'ona. "Kuna kitanda cha mtoto mchanga."

"Na nje?"

"Mvua."

"Basi. Mtoto kalala, mvua inaingia, mtu mzima anafunga dirisha. Mimi nikiwa msichana nilidhani kila mwanamke anayefunga dirisha ana mwanamume moyoni." Mama alicheka kidogo, bila furaha. "Kuiba umeniibia, sawa. Lakini si ungeiba cha maana? Umeiba kosa langu."

Yinlan alilia kimya, mkono mdomoni, asisikike sebuleni.

"Mimi simwambii kitu," mama akasema. "Huyo ni mwanangu, anakupenda, naona hata kwa macho haya mabovu. Ukitaka kunyamaza, nyamaza, ndoa utaipata. Ila mayai sitakupikia."

Akabeba birika, akatoka.

Yinlan alipotoka naye, alimwomba Huaijin watembee kidogo. Wakafuata uchochoro hadi kwenye mfereji, mahali wanawake wanapofulia. Hapo alimwambia yote, bila kujitetea, macho yake kwenye maji. Alipomaliza, Huaijin alikuwa amesogea hatua mbili kando.

"Umenifanya nimtukane mama yangu."

"Najua."

"Kwa mdomo wangu! Mara mbili! Na nikacheka!"

"Nilijaribu kukuzuia, Huaijin, lakini..."

"Ulijaribu kujificha!" Sauti yake ilipanda, mwanamke mmoja akaacha kufua. "Unajua hiyo makala nimeisoma mara ngapi? Nne. Na sikuielewa. Nikasema, mwanamke anayeliona dirisha dogo hivyo, na mimi ataniona. Kumbe niliyempenda hata hakuandika!"

Neno hilo lilimwingia Yinlan likakaa.

"Kwa nini hukusema palepale ndani?"

"Niliona haya."

"Miezi yote hii, wanakupigia makofi, hukuona haya?"

"Niliona. Nikaizoea."

Huaijin akageuka ili asimwone anavyofuta macho. "Nenda Nanjing. Mkoba wako nitakuletea kituoni."

"Nitakwenda. Na jarida nitaliandikia, hata wakinivua cheo. Ila kitabu nitamrudishia mama mwenyewe. Kiko kama alivyokiacha. Kizima, kikavu..."

"Kikavu?"

Alilitamka kama aliyechomwa mwiba. Yinlan akamtazama. Macho ya Huaijin yalikuwa yameshuka kwenye viatu vyake, kama yalivyoshuka asubuhi pale ukutani, na hapo ndipo alipoelewa.

"Paa halikuvuja," Yinlan alisema.

Mashua ya mchanga ilipita, Huaijin akaifuata kwa macho mpaka ikaenda.

"Nilitaka nafasi ya televisheni," alisema mwishowe. "Mama alikuwa amelazwa, wiki mbili. Akapita mnunuzi wa karatasi na mizani yake. Mimi niliona makaratasi tu, Yinlan. Alipotoka hospitali akakuta pale patupu, nikamwambia yameloa. Hakuuliza kitu. Alikwenda akawasha televisheni, akakaa, akasema picha ni nzuri."

Yinlan angeweza kusema, haya, sasa tumelingana. Neno lilimfika kwenye ncha ya ulimi, na lingemponya. Alilimeza. Alitaka kumshika bega, mkono ukaogopa kufika.

"Anajua," alimwambia taratibu. "Jikoni ameniuliza kama kilikuwa kimeloa."

Huaijin alijifunika uso kwa mikono miwili. Mwanamke aliyekuwa akifua akajifanya kutafuta sabuni.

"Kamwambie mbele ya shangazi," alisema hatimaye, bado amejifunika. "Kama ulivyomtukana mbele ya shangazi."

"Mtaa mzima utajua kabla ya chakula cha mchana."

"Ndiyo."

"Na wewe?"

Akashusha mikono. Macho yake yalikuwa mekundu, lakini safari hii hayakukimbilia viatu. "Tangulia. Nitakuja nyuma yako."

Walimkuta shangazi akimenya mbegu za tikiti, mama mikono mapajani. Yinlan hakukaa. Alichukua jarida, akalifungua palepale, akaisoma ile tanbihi tena, yeye mwenyewe, neno kwa neno.

"Shangazi, huyo mwanamke wa wino wa buluu ni mama. Na yale maneno mazuri ya juu, yaliyonipa cheo, ni ya mama pia. Hata yule mtu ambaye hajavua viatu ni wa mama. Mimi ni mwizi. Jumatatu nitaliandikia jarida niseme hivyohivyo, kwa jina lake na langu."

Labda kwa mara ya kwanza maishani, Shangazi Ruixian alikosa la kusema. Ganda la mbegu lilibaki limemganda mdomoni.

"Mama," Huaijin akasema nyuma ya Yinlan. "Mwaka ule niliviuza vitabu. Paa halikuvuja."

"Lingevujaje?" mama akajibu. "Mwezi ule haikunyesha hata siku moja."

Huaijin akainama mpaka kidevu kikagusa kifua. Walisimama hivyo wawili, kama watoto walioitwa mbele ya darasa, hakuna anayethubutu kumtazama mwenzake.

"Nyumba gani hii!" shangazi akapata sauti. "Mmoja anauza, mwingine anaiba!"

"Wamefaana," mama akasema. Akasimama, akapapasa njia hadi kwenye pazia la jikoni. "Yinlan."

Jina lake! Yinlan akaruka. "Naam, mama."

"Niletee mayai. Yako kapuni, chini ya meza."

Akayaleta mawili, kama desturi ilivyo. Mama akayapokea, akayapima viganjani, kisha moja akamrudishia.

"Leo moja. La pili utakula ukishanisomea ya buluu yote, mpaka juzuu ya kumi na mbili."

"Ndiyo, mama."

"Na mimi?" Huaijin aliuliza kutoka sebuleni, sauti yake ndogo kabisa.

"Wewe iondoe hiyo televisheni," mama akasema, akipasua yai. "Vitabu vinarudi."